Barua za Baba za Herufi Kubwa



Mwezi uliopita mtoto wa dada yangu alikuja nyumbani na ombi dogo tu. Posa yake imeshajibiwa, mahari imeshakubaliwa, na harusi inshaallah iko karibu. Baba yake yuko Dubai kikazi na hajui kama atapewa ruhusa ya kuja. Akaniambia, "Mamdogo, si wewe babu alikuozesha kwa barua pepe? Nitafutie ile barua ya uwakala nimpelekee baba aone ilivyoandikwa."

Nikacheka. Hiyo ya "kuozeshwa kwa barua pepe" ni mzaha wa nyumbani kwetu wa miaka mingi. Nikamwambia anywe chai, dakika tano nitakuwa nimeipata.

Walio wadogo hawakumbuki, lakini Unguja tulikaa bila umeme miezi mitatu, tangu Disemba 2009 hadi Machi 2010, baada ya kuharibika njia ya umeme unaotujia kutoka Bara kwa waya wa chini ya bahari. Ndoa yangu mimi ilifungwa Februari, katikati ya giza lile. Baba alikuwa Muscat, karani wa hesabu katika kampuni moja kule Ruwi, na likizo hakupata. Simu zilikuwepo, ila kuichaji ilikuwa safari, na mazungumzo yalikatika kila yanaponoga. Kwa hiyo tukawa tunaandikiana. Mimi nilikwenda Mkunazini kwenye chumba cha intaneti kilichokuwa na jenereta, shilingi elfu kwa saa, nikarudi nyumbani na buibui linanuka moshi. Yeye alibaki ofisini mpaka wenziwe waondoke, ndipo akaniandikia kwa kompyuta ya kazini.

Baba aliandika kwa herufi kubwa tupu, tangu salamu mpaka jina lake. Siku nilipomwambia kuna kitufe cha kuziondoa alinijibu kwamba herufi kubwa hakuna wa kusema hakuziona. Alianza kama walivyoanza wazee wa barua za karatasi: MWANANGU MPENZI, ASSALAAM ALAYKUM, AMA BAADA YA SALAMU MIMI HUKU NI MZIMA. Kisha ndipo inakuja shughuli.

Na shughuli haikuwa uwakala peke yake. Barua ya uwakala, ile aliyomkabidhi ami yangu idhini ya kuniozesha, ilikuwa fupi na rasmi. Ilisomwa mbele ya wazee, ingawa sheikh hakutosheka nayo, akataka ampigie baba simu amsikie kwa masikio yake, na alifanya vizuri. Barua zilizokuwa barua ni zile nyingine. Mama yangu alitangulia mbele ya haki nikiwa na miaka kumi na moja, na somo wangu alinifunza ya somo. Yale ambayo binti humuuliza mama yake usiku nilimuuliza baba, kwa maandishi, kwa sababu uso kwa uso nisingethubutu. Na yeye kwa maandishi alinijibu mambo ambayo nadhani kwa mdomo asingeyasema.

Basi nikafungua akaunti ile ya zamani. Neno la siri la kwanza likakataa, la pili likakataa, la tatu, jina la paka wetu na mwaka, likakubali. Ndani nikakuta barua moja tu, ya kunikaribisha, kama kwamba ndiyo kwanza najiandikisha siku ile.

Huduma yenyewe siitaji, maana sina la kuishtaki. Tangu niliponunua simu ya kugusa mwaka 2013, mimi na baba tulihamia WhatsApp, sauti na picha, na akaunti ile nikaisahau. Katika masharti niliyoyakubali kwa kubonyeza bila kusoma iliandikwa kwamba sanduku lisilofunguliwa kwa muda fulani husafishwa. Walisafisha. Akaunti ya baba nayo neno lake la siri alikwenda nalo mwenyewe. Alifariki 2019, akazikwa hukohuko Muscat, Allah amrehemu.

Mtoto aliniona nimenyamaza, akaniuliza kama chai imepoa.

Nilikuwa na tumaini moja. Baba alipofariki, mwenzake wa kazi alituletea sanduku lake la nguo, na ndani yake mlikuwa na faili la plastiki lenye karatasi za barua pepe alizozichapisha. Mwaka ule sikuweza kuzisoma. Niliona tu tarehe za 2009 na 2010, nikalifunga, nikaliweka kabatini chini ya mashuka. Sasa nikalitoa. Karatasi kumi na moja. Nikasoma ya kwanza, ya pili, ya tatu, nikazipekua mpaka mwisho.

Zote zilikuwa zangu. Barua nilizomwandikia mimi.

Na kwa nini zisiwe? Mtu huchapisha barua anazopokea. Alizoandika yeye alizijua, zikabaki kwangu, kwenye sanduku nililolisahau. Nimeyapata maswali yangu yote, majibu sina hata moja. Mahali nimeandika: "Baba, na kama mama yake hatonipenda?" Nakumbuka alijibu, na nakumbuka nilicheka peke yangu mbele ya kompyuta mpaka kijana wa jenereta akageuka kunitazama. Alichosema baba sikikumbuki.

Nimekaa na jambo hili siku nyingi, na naona lina historia yake. Hotmail ilipoanza mwaka 1996 ilitoa nafasi ya megabaiti 2 tu kwa mtu, ambayo leo haitoshi hata picha moja ya simu. Sanduku lilijaa kila mara, ikabidi ufute, na kabla ya kufuta ulijiuliza ipi ya kuihifadhi. Ndiyo maana watu wa umri wa baba walichapisha. Kisha Aprili 2004 ikaja Gmail na gigabaiti nzima, tukaambiwa sasa hakuna haja ya kufuta kitu. Tulipoacha kufuta tukaacha na kuhifadhi. Tukadhani vyote ni kitu kimoja.

Kumbe barua ile haiko kwako. Iko katika mashine ya kampuni, nchi ya mbali, na simu yako ni dirisha tu la kuichungulia. Wengi hatulijui hili. Tunaona barua kwenye simu, tunaweza hata kuifungua bila bando, tunadhani tunayo. Ikifutwa kule, simu ikiunganishwa tena na intaneti nayo huifuta, kwa utiifu kabisa. Google ilitangaza Mei 2023 kwamba akaunti ya mtu binafsi isiyotumika kwa miaka miwili inaweza kufutwa pamoja na barua na picha zake, na kazi hiyo ikaanza Disemba mwaka huohuo. Na wewe bibi harusi mwenye barua pepe ya kazini au ya chuo, ukiacha kazi au ukimaliza masomo mlango hufungwa, mara nyingine siku hiyohiyo. Mahaba na mambo ya ndoa usiyaweke huko. Pamoja na hayo, mtu wa kompyuta pale ofisini ana funguo.

Jumamosi tukakaa, mimi na mtoto na kompyuta yake ya mapajani, tukafanya kwenye akaunti zetu za Gmail nisilolifanya 2013. Google wana ukurasa unaitwa Takeout. Ukiufungua unakuta kila kitu chao kimeshawekewa alama, YouTube, ramani, picha. Ondoa alama zote kwanza, kisha weka kwenye barua peke yake, la sivyo utapakua mzigo wa kujaza chumba. Unaweza pia kuchagua lebo moja tu, na sisi ndivyo tulivyofanya: tuliunda lebo ya "Ndoa", tukaipachika kwenye barua tunazozitaka, za kuingia na zile tulizotuma wenyewe. Zilizotumwa jamani msizisahau. Barua ni mazungumzo, na nusu moja peke yake nimeshawaambia inavyouma.

Hawakupi papo kwa papo. Wanakutayarishia, kisha wanakutumia kiungo, na kiungo hicho kinadumu kama wiki moja, usikiache mpaka mwisho wa mwezi. Kinachokuja ni faili la aina ya MBOX, ambalo mtoto alilibonyeza mara tatu likamkatalia. Faili hilo halifunguki kwa programu ya kawaida. Linahitaji programu ya barua kama Thunderbird, na hata huko pana ufundi kidogo. Ni ghala, lihifadhi. Kwa zile barua chache utakazotaka kuzisoma ukiwa bibi kizee, fungua moja moja, nenda kwenye kuchapisha, na badala ya printa chagua kuhifadhi kama PDF. Kwenye simu za Android pia inawezekana. Ila PDF huchukua maneno tu. Picha na hati zilizoambatishwa zinabaki, zipakue kando. Ukiwa kwenye kompyuta unaweza vilevile kupakua barua yenyewe nzima, faili la EML, na hilo linabeba viambatisho vyake ndani.

Usifanye haya kwenye kompyuta ya kukodi. Utatoka wewe, barua zako zibaki kwenye folda ya vilivyopakuliwa zikimsubiri mteja anayefuata.

Mtoto akauliza tuhifadhi zipi, maana ana barua maelfu, nyingi za maduka ya nguo. Nikamwambia aanze na za haki. Ya uwakala ikija. Makubaliano ya mahari, iliyotolewa ngapi na iliyobaki ngapi, maana iliyobaki ni deni, na aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani, ya 282 katika Suratul Baqara, inahusu kuandikiana madeni. Kama mchumba amekuandikia kwamba utaendelea kusoma au kufanya kazi, hiyo pia. Sisemi uingie ndoani na faili la kesi. Lakini watu husahau kwa nia njema kabisa, mimi hapa ni shahidi.

Kisha za mapenzi na nasaha. Za mchumba wa zamani, kama zipo, futa, na usimwambie mtu kama umezisoma kwanza. Na zile za shoga aliyekufungulia siri zake za ndoa, hizo ni amana yake. Usizigeuze faili kwenye flashi itakayozurura nyumba ya wakwe.

Kuna jambo moja alilifanya yeye mwenyewe bila ya mimi kumwambia. Katika mipangilio ya akaunti ya Google kuna sehemu ya kuchagua nini kitokee ukiacha kuitumia, iwe baada ya miezi 3, au 6, au 12, au 18, na unaweza kutaja watu mpaka 10 watakaopewa ulivyochagua. Ameweka jina la mama yake kwa barua peke yake. Nikamtazama, binti wa miaka ishirini na nne, bi harusi, anaandika wasia. Akasema, "Mamdogo, kwani babu angeweka jina lako leo tungekuwa tunatafuta nini?"

Dada yangu mkubwa ndiye aliyetuokoa kidogo. Yeye hafuti wala hapangi kitu, sanduku lake ni kama uvungu wa kitanda, lakini hulifungua kila siku. Tukamwomba atafute jina la baba. Ikatoka barua moja. Niliwahi kumpelekea Januari 2010, sijui kwa nini hiyo na si nyingine, na kila mstari umeanza na kile kimshale kinachotiwa barua ikipelekwa kwa mtu mwingine. Si ya uwakala. Ni jibu la swali nililomuuliza baba kuhusu vyombo, kama nidai kabati jipya au nikubali la shangazi yake bwana. Ameandika nusu ukurasa juu ya kabati. Mlango wake, kufuli zake, mchwa, kwamba mbao za zamani ni imara kuliko hizi za kubandika. Kisha, bila hata kuanza mstari mpya: NA KAMA UNALIA USIKU KWA AJILI YA MAMA YAKO USIFICHE, MWAMBIE MUMEO, ATAKAYEKUONA UNALIA NDIYE WA KUMJUA.

Niliisoma mbele ya mtoto kwa sauti, na sikuifikisha mwisho.

Barua ya uwakala ya baba yake imefika Alkhamisi kutoka Dubai, ameitunga mwenyewe na sheikh ameikubali, ingawa naye atapigiwa simu siku yenyewe. Tumeihifadhi PDF, tumechapisha nakala mbili, moja kwa ami yake. Flashi moja iko kwake, nyingine iko kwangu ndani ya kasha, ndani ya kikopo cha dawa kilichokauka kwa sababu ya unyevu wa nyumba zetu. Humo humo nimeweka picha za karatasi zangu kumi na moja na ile moja ya baba. Mtoto aliponiandikia jina la faili, "barua za babu", nikamwambia alifute aandike upya. BARUA ZA BABA. Akaniuliza mbona kwa herufi kubwa.