Vibao Vyeupe vya Kinanda

Akaaye Mtopanga, katika bara ya Kisauni, hana haja ya kwenda mbali ili asikie kinanda. Harusi ina chake, na kanisa lina chake. Wachezaji hawafanani kwa dini wala kwa nyimbo, lakini vidole vyao hutembea juu ya safu moja ya vibao vyeupe na vyeusi. Mimi, mkazi wa mtaa huo, nimejiuliza mara nyingi: safu hiyo ilitoka wapi, nani aliipanga, na nani aliilipia? Maswali mawili ya kwanza ni ya ufundi. La tatu ni la haki. Nakualika, msomaji wangu, uyafuate yote matatu, maana ajuaye mawili akaliacha la tatu bado hajakijua kinanda.

Tuanze na jina lenyewe. Zamani katika pwani yetu neno kinanda lilikuwa la ala ya nyuzi zilizochunwa kwa vidole, jamaa ya udi na gambusi. Zilipofika ala za kigeni, wazee wetu hawakutafuta jina jipya kwa kila moja. Harmoniamu iliitwa kinanda, piano iliitwa kinanda, hata santuri iliyoimba bila kuguswa na mwimbaji iliitwa kinanda. Lugha ilimpokea mgeni kama mwenyeji mwema apokeavyo: ilimkalisha kwenye kiti kilichokuwako tayari.

Wako wadhanio kwamba ala za vibao ni mali ya Ulaya tangu asili. Sivyo. Ya kwanza ijulikanayo katika historia iliundwa katika bara letu la Afrika, mjini Iskandaria katika nchi ya Misri, karne ya 3 kabla ya kuzaliwa Kristo. Fundi wake alikuwa Ktesibio, mtu wa lugha ya Kigiriki. Alitumia uzito wa maji kuisukuma hewa ndani ya filimbi zilizopangwa kwa safu, na mchezaji aliamua kwa mkono ni filimbi gani ipate pumzi. Hapo ndipo mwanadamu alipojifunza jambo kubwa: kidole kimoja kinaweza kuamuru sauti isiyotoka kinywani mwake, na vidole kumi vinaweza kuamuru sauti nyingi kwa wakati mmoja.

Karne nyingi baadaye mafundi wa Ulaya waliweka nyuzi mahali pa filimbi, wakapata ala mbili. Ya kwanza ni harpsikodi. Ndani yake, kibao kikibonyezwa, kijiti huinuka upande wa pili, na ncha ya unyoya wa ndege iliyopachikwa juu yake huuchuna uzi. Sauti yake ni safi na ya kumeta, lakini haina utiifu: ubonyeze kwa nguvu za mpagazi au kwa wororo wa mtoto mchanga, uzi hulia vile vile. Ya pili ni klavikodi. Humo kipande cha shaba huugonga uzi na kubaki kikiugusa. Ala hii hutii kidole, lakini sauti yake ni ndogo mno. Hata mchezaji akasirike vipi, aliye chumba cha pili hasikii. Basi wanamuziki walikuwa na ala moja yenye sauti isiyo na utii, na nyingine yenye utii usio na sauti.

Aliyekifungua kitendawili hicho alikuwa Bartolomeo Cristofori, fundi aliyezaliwa Padua mwaka 1655, akaajiriwa na ukoo wa Medici mjini Florence. Orodha ya ala za jumba hilo iliyoandikwa mwaka 1700 inataja kinanda chake kipya kiwezacho kulia kwa upole na kwa nguvu. Kwa Kiitaliano upole wa sauti ni piano na nguvu yake ni forte. Majina yakaunganishwa, kisha watu wakafupisha, likabaki neno la upole peke yake.

Je, siri yake ilikuwa nini? Mtazame mpiga ngoma, nawe utaielewa. Mkono wake hugonga ngozi na kuondoka upesi. Akiuacha juu ya ngozi, mlio hufa. Cristofori aliwapa nyuzi wapiga ngoma wadogo, yaani nyundo. Kibao hakiibebi nyundo mpaka kwenye uzi. Huirusha tu, na kabla haijafika hujiondoa chini yake. Nyundo hugonga, hurudi chini, na kuuacha uzi uimbe kwa uhuru. Kidole kikitua taratibu, nyundo huruka taratibu. Kikitua kwa nguvu, nayo huruka kwa nguvu. Mwaka 1711 mwandishi Scipione Maffei alichapisha maelezo ya ufundi huo, na mafundi wa nchi nyingine wakaufuata. Piano tatu za Cristofori zingali zipo hata leo: ya mwaka 1720 iko New York, ya 1722 iko Roma, na ya 1726 iko Leipzig. Hii ya mwisho ina vibao 49 tu. Ni vyepesi, na ubao wake ni mwembamba. Ni kazi ya seremala wa jumba la kifalme, iliyofanywa kwa ajili ya watu wachache.

Karne ya 19 iliyageuza mambo. Watu walitaka sauti ya kujaza ukumbi, nayo sauti kubwa hutaka nyuzi nene zilizokazwa sana. Mbao peke yake hazikuweza kuuhimili mvuto huo, kwa hiyo mwaka 1825 Alpheus Babcock wa Boston akapewa hataza ya fremu ya chuma cha kusubu. Katika piano kubwa ya siku hizi mvuto wa nyuzi zote pamoja hufikia tani 20 hivi. Vibao viliongezeka hadi vikafika 88, vyeupe 52 na vyeusi 36. Viwanda vikachukua nafasi ya karakana, bei zikashuka, na kila familia yenye kujiweza kidogo katika Uingereza na Marekani ikataka piano sebuleni. Sasa, msomaji, zidisha vibao vyeupe 52 kwa hesabu ya sebule hizo zote, kisha uniulize vilifunikwa kwa kitu gani.

Vilifunikwa kwa pembe za ndovu. Kibao chenyewe ni mti, lakini juu yake mafundi walibandika utando mwembamba wa pembe. Walikuwa na sababu zao. Pembe hupokea jasho la kidole kidogo kidogo, kwa hiyo haitelezi. Ni laini kuigusa, na huchongeka vyema. Pembe za Afrika Mashariki zilipendwa zaidi kwa ulaini wake. Hapa ndipo historia ya piano inapotia nanga katika bandari zetu.

Mwaka 1833 Sayyid Said alitia sahihi mkataba wa biashara na Marekani, na merikebu za Salem zikazoea kufika Unguja. Zilileta nguo ya pamba isiyotiwa rangi, ambayo mpaka leo jina lake ni merikani au amerikani, na zilipoondoka zilibeba sandarusi na pembe. Katika jimbo la Connecticut kulikuwa na miji miwili jirani iliyoishi kwa kazi ya kukata pembe, Deep River na Ivoryton. Jina la huo wa pili lenyewe maana yake ni mji wa pembe. Huko pembe zilikatwa kwa misumeno ya mashine, zikapasuliwa kuwa mbao nyembamba, zikaanikwa kwa majuma mengi ndani ya nyumba za vioo ili jua lizifanye nyeupe. Si pembe zote zilizokwenda kwenye vinanda. Nyingine zilikuwa bangili za India, nyingine vitana na mipira ya biliadi. Lakini piano ilikuwa mlaji mkubwa, wala haikushiba upesi.

Je, pembe hizo zilifikaje pwani? Upande wetu wa Mombasa, katika nusu ya kwanza ya karne ya 19, Wakamba walishuka na misafara yao hadi karibu na Rabai, na Wagiriama nao walikuwa wawindaji na wachuuzi wa pembe. Upande wa kusini misafara ilitoka Bagamoyo hadi Tabora, kisha Ujiji, na kuvuka hadi Manyema katika Kongo. Kadiri ndovu walivyopungua karibu na pwani, ndivyo safari zilivyorefuka na bunduki zilivyoongezeka. Mzigo wa kawaida wa mpagazi ulikuwa frasila mbili hivi, yaani karibu kilo 32. Wapagazi wengi, hasa Wanyamwezi, walikuwa watu huru wenye ujira wao na fahari ya kazi yao. Wengine walikuwa watumwa, wasio na ujira wala hiari. Vijiji vilivyokuwa na pembe vilivamiwa kwa sababu ya pembe hizo. Binti aliyekuwa akijifunza kucheza piano mjini Boston hakuyajua hayo, wala mwalimu wake hakumwambia.

Niliwahi kuketi mbele ya piano kuukuu katika ukumbi mmoja wa hapa Mombasa. Nilikuwa nimesoma jinsi ya kuitambua pembe: tafuta mstari mwembamba unaokikata kibao kwa upana, mahali vipande viwili vilipounganishwa, na vinyuzi hafifu kama vya ubao ndani ya weupe uliogeuka manjano. Vyote viwili vilikuwapo. Nikabonyeza kibao kimoja, nacho kikalia vizuri. Hilo ndilo lililonisumbua. Laiti sauti ingekuwa mbaya, hukumu ingekuwa rahisi. Lakini uzuri ulikuwa wa kweli, na gharama yake ilikuwa ya kweli pia, na hakuna kimojawapo kilichomfuta mwenziwe.

Mtu aweza kuniambia, “Kinanda hakikumwua ndovu, wala hakikumpiga mpagazi, kiache kiimbe.” Ni kweli, chombo hakina dhambi. Lakini kukiacha kiimbe si sawa na kukiacha kisahaulike. Vitabu vingi vya piano humtaja fundi wa Florence kwa jina, na ni haki yake. Aliyeibeba pembe kutoka bara hadi pwani hana jina humo, wala hana hata mstari mmoja. Ukikumbuka akili iliyobuni bila kuikumbuka bega iliyobeba, umesoma nusu ya historia na kuiita nzima.

Wala usidhani kwamba sehemu yetu katika habari hii ni mzigo tu. Harmoniamu, ambayo Alexandre Debain aliipatia hataza mjini Paris mwaka 1842, ilifika India; Dwarkanath Ghose wa Calcutta akaipunguza ikawa sanduku la kuchezwa sakafuni, mkono mmoja ukisukuma mvukuto na mwingine ukitembea juu ya vibao. Kutoka India ikavuka bahari hadi kwetu. Ina upungufu wake: ndimi zake za shaba zina sauti zilizokwisha pangwa, haziwezi kuteleza baina ya sauti na sauti kama koo la mwimbaji. Kwa sababu hiyo redio ya taifa ya India iliikataza tangu 1940 hadi 1971. Mombasa haikuikataza. Juma Bhalo, aliyeishi tangu 1942 hadi 2014, aliimba mashairi ya Kiswahili pamoja nayo. Ala ikashika njia, na koo likateleza pale ala ilipokoma. Hivyo safu ile ya vibao ni yetu kwa malipo, na ni yetu pia kwa kazi tuliyoifanya nayo.

Siku hizi vibao ni vya plastiki, na sauti haikupungua. Biashara ya pembe baina ya mataifa ilikatazwa kwa mapatano ya mwaka 1989, na mwaka huo huo Kenya ilichoma tani 12 za pembe mjini Nairobi. Mwaka 2016 ilichoma tani 105. Hata hivyo, katika miaka ya 2010 pembe za wizi zilikamatwa hapa hapa Mombasa zikingoja meli. Tamaa ilibadili mteja tu, haikubadili njia.

Basi, kijana, ukijaliwa kujifunza kinanda, jifunze kwa bidii. Chanda chema huvikwa pete. Lakini uizoeze akili yako kuuliza juu ya kila kitu kizuri kikufikiacho mkononi: nani alikibuni, na nani alikilipia? Anayeuliza la kwanza hupata elimu. Anayeuliza na la pili hupata utu, nao hauuzwi katika duka lolote la vinanda.