Mchezo unangojesha: tafuteni ugonjwa kabla ya kufuta picha za nyumbani

GOMA – Kuanzia Birere hadi Ndosho, kuanzia Majengo hadi Mugunga, vyumba vya michezo ya video vinajulikana kwa kelele. Televisheni ziko ukutani, viti ni vya plastiki, manete zimeshikwa mikononi na vijana wamesimama nyuma wakingoja zamu yao. Kelele hiyo hukatika ghafla. Mchezaji anafungua mlango wa nyumba, au anavuka kutoka mji mmoja kwenda mwingine, na skrini inakuwa nyeusi. Mstari mdogo unatambaa polepole chini yake. «Inalodi,» wanasema, na wote wanangoja. Saa ya mwenye chumba ndiyo peke yake isiyongoja. Inaendelea kuhesabu.

Kwa mtoto aliyeingia na franka 500, kungoja huko ni pesa. Kama amelipia nusu saa, na skrini imemsimamisha mara kumi kwa dakika moja moja, theluthi ya pesa yake imenunua giza. Ndipo ugomvi unapoanza: yeye anataka aongezewe muda, mwenye chumba anasema muda umekwisha.

Kuna wapapa na wamama watakaouliza: katika hali hii ya vita, mchezo wa video ni habari gani? Swali lao lina haki. Lakini vijana wengi wanaokaa kwenye viti hivyo wametoka Masisi, Rutshuru na Nyiragongo. AFC/M23 iliuchukua mji mwishoni mwa Januari 2025, na Februari kambi kubwa kama Bulengo na Lushagala zikavunjwa. Kuna familia zilizorudi vijijini, na kuna zilizobaki mjini kwa ndugu na kwa familia za mapokezi. Kijana wa familia kama hiyo mara nyingi anacheza kwenye simu ya nyumbani, ile moja inayotumiwa na wote. Mchezo ukianza kusimamasimama, ushauri wa kwanza anaopewa na wenzake ni huu: memori imejaa, futa vitu. Na vitu vinavyofutwa kwanza ni picha.

Hapo habari inaacha kuwa ya watoto peke yao. Familia iliyokimbia usiku haikubeba albamu. Picha ya nyumba, ya shamba, ya harusi, ya bibi aliyezikwa kijijini, imebaki ndani ya simu hiyo tu.

Basi tuanze na ugonjwa wenyewe. Kwa nini mchezo unangojesha?

Mtu anayemjua mama muuzaji wa soko la Virunga ameshaelewa nusu ya jibu. Mama huyo hapangi magunia yake yote mezani. Mezani anaweka kidogo, mengine yako depo. Mteja akitaka kitu kisichokuwa mezani, mtoto anatumwa kukichukua. Depo ikiwa karibu na mtoto akiwa mwepesi, mteja haoni kitu. Depo ikiwa mbali, au njia ikiwa imejaa watu, mteja anasimama anangoja.

Mashine ya mchezo inafanya vilevile. Depo yake ni disiki, mahali mchezo mzima umehifadhiwa. Meza yake ni memori ya kazi, ambayo ni nyepesi sana lakini ni ndogo. Mchezo wa dunia wazi, ule ambao mchezaji anazurura popote anapotaka, hauwezi kuenea mezani wote. Kwa hiyo dunia yake imekatwa vipandevipande. Gari likienda mbele, vipande vya mbele vinaletwa na vya nyuma vinaondolewa. Gari likienda mbio kuliko mletaji, kuta zinaonekana kama zimepakwa ukungu, au mchezo unasimama na kuweka ile skrini ya kungojea.

Watengenezaji wenyewe wamepigana na jambo hili miaka mingi. Katika GTA III ya mwaka 2001, mji ulikuwa na visiwa vitatu, na kila aliyevuka kutoka kisiwa kimoja hadi kingine alikutana na skrini ya kungojea. Mwaka 2004 ikaja San Andreas, na mchezaji akaweza kuendesha gari kutoka Los Santos hadi San Fierro hadi Las Venturas bila kusimamishwa njiani. PlayStation 2 iliyobeba miji hiyo mitatu ilikuwa na memori ya megabaiti 32 tu, ndogo kuliko video moja ya dakika chache inayozunguka WhatsApp leo. Siri ilikuwa kuleta vipande mapema, kabla mchezaji hajafika.

Kwa hiyo fundi mzuri haanzi kwa kufuta wala kwa kununua. Anaanza kwa kuuliza: mchezo unangoja wakati gani? Unangoja ukifunguliwa tu? Ukiingia ndani ya nyumba? Au ni pale tu unapounganishwa na intaneti? Mchezo unaochezwa bila intaneti na bado unasimama hauponi kwa kununua mega. Achukue saa ya simu, apime kungoja kulekule mara tatu, aandike kwenye karatasi. Bila namba hiyo hatajua kama dawa imefanya kazi.

Kisha aanze na dawa za bure. Goma ni mji wa mawe ya volkano, na vumbi lake jeusi linaingia kila mahali. Feni ya mashine ikijaa vumbi, joto linapanda, na kompyuta yenye joto kali inajipunguzia mwendo ili isiungue. Mashine izimwe, ichomolewe, isafishwe kwa brashi laini, iwekwe mahali penye hewa, isifunikwe kitambaa. Kwenye kompyuta, programu nyingine zifungwe kabla ya kucheza, kwa sababu nazo zinakalia meza ileile. CD yenye mikwaruzo nayo inachelewesha: jicho la mashine linarudia kusoma mahali palepale mpaka lipate.

PlayStation 4 ina dawa yake ya ndani. Ikiwashwa kwa njia ya usalama, kuna chaguo la kupanga upya orodha ya vitu vilivyo ndani. Chaguo hilo halifuti michezo. Lakini chaguo zinazofuata chini yake zinafuta kila kitu, kwa hiyo asiyejua kusoma maneno yake vizuri amwite anayejua. Na kazi hiyo inaweza kuchukua muda mrefu. Isianzishwe siku ambayo umeme unakwenda na kurudi.

Baada ya hayo ndipo ifikiriwe disiki yenyewe. Disiki ya zamani ni sahani inayozunguka na sindano inayokimbia huku na huku. Ikijaa pomoni inakuwa nzito, ikizeeka inaanza kugonga «tak, tak». Kugonga huko ni onyo: kwanza okoa vilivyo ndani, matengenezo yatafuata. Disiki ya aina ya SSD haina kitu kinachozunguka. Hesabu yake si ngumu. Mzigo wa gigabaiti 5 kwenye disiki inayosoma megabaiti 100 kwa sekunde unahitaji sekunde 50. Kwenye SSD ya kawaida inayosoma megabaiti 500, sekunde 10. PlayStation 5, iliyotoka Novemba 2020, inasoma gigabaiti 5.5 kwa sekunde, kwa hiyo mzigo huo haumalizi hata sekunde moja. Kwa kweli mashine ina kazi nyingine pia, kama kufungua mizigo iliyobanwa, na PlayStation 4 iliyowekewa SSD haitakimbia kama PlayStation 5. Lakini kungoja kunapungua, na mlango wa disiki yake mtu anaufungua kwa bisibisi.

Wenye vyumba wakumbuke mambo mawili. La kwanza, disiki mpya inafika tupu: sevu za wachezaji zinakiliwe kwenye flashi kabla ya kufungua kitu, la sivyo kazi ya miezi inapotea. La pili, sokoni kuna disiki za uongo, zinazojitangaza kuwa kubwa huku ndani ni ndogo. Ijazwe mafaili mbele ya muuzaji, kisha yafunguliwe moja moja. Disiki ya zamani ikitolewa ikiwa bado nzima, isitupwe. Inaweza kubeba masomo na picha za familia nzima.

Kuna pia ugonjwa usiokuwa nyumbani kwa mchezaji. Kwa miaka mingi, waliocheza GTA Online kwenye kompyuta walingoja dakika kadhaa kila walipoingia. Wengi walilaumu kompyuta zao. Februari 2021 mtaalamu mmoja anayejiita t0st aliamua kuchungua mchezo ulikuwa unafanya nini wakati huo. Akakuta unasoma orodha moja ya bidhaa kama 63,000, na kwa kila bidhaa unahesabu upya maandishi yote yaliyobaki. Kisha unalinganisha bidhaa hiyo na zile zilizotangulia, moja moja. Ni kama karani ambaye kabla ya kuandika jina jipya anasoma daftari lote tangu mwanzo. Yeye alirekebisha hapo tu, na kwenye kompyuta yake ileile kungoja kukashuka kutoka dakika kama 6 hadi chini ya dakika 2. Kampuni ya Rockstar ilikubali, ikamlipa dola 10,000, na Machi mwaka huohuo ikatoa marekebisho kwa wote. Waliokuwa wamenunua vifaa vipya walikuwa wametibu mguu wakati kinachouma ni jino.

Sasa turudi kwenye simu ya nyumbani. Ni kweli kwamba simu iliyojaa kabisa inachelewa, na nafasi lazima ipatikane. Lakini kuna vya kufuta kabla ya picha. Video za makundi ya WhatsApp, ambazo mara nyingi ni moja iliyotumwa mara tano, zinakula nafasi kuliko picha mia. Michezo isiyochezwa tena ifuate. Baada ya hapo, picha za nyumbani zihamishiwe kwenye kadi ya memori au flashi, na zifunguliwe huko kuona kama ni nzima, ndipo zitolewe kwenye simu. Mchezo wenyewe ubaki ndani ya simu, kwa sababu kadi nyingi zinasoma polepole: kuupeleka huko ni kuhamishia depo mbali zaidi na meza. Na nakala moja haitoshi kwa watu ambao wamekimbia mara mbili, mara tatu. Moja ibaki kwa mama, nyingine kwa shangazi au ndugu anayekaa mtaa mwingine.

Vijana, hapa ndipo ninyi mnapotakiwa. Anayejua kupunguza kungoja kwa mchezo anajua pia kuokoa picha za mama mwenye nyumba, na kuharakisha kompyuta ya shule inayofunguka kwa dakika kumi. Ni ujuzi uleule, na watu wanalipia.

Wenye vyumba, hesabuni muda dunia ya mchezo inapofunguka, si manete inaposhikwa. Mteja mdogo anajua mahali alipotendewa haki, na atarudi na wenzake.

Wazazi, kabla ya kumpa mtoto simu acheze, ulizeni picha ziko wapi. Mchezo ukifutwa, unarudishwa kwa mega za siku chache. Picha ya nyumba ambayo haipo tena haina mahali pa kushushwa.