Deodand: chombo kikiua, apewe nani?

Najua nimekuwa kimya, na wengine mmeshaanza kuniuliza kama nimehama mji. Sijahama. Ni kazi tu. Leo sina siasa wala soka. Nimekuja na neno moja, tena la Kiingereza, tena la kizamani mno kiasi kwamba hata Mwingereza wa leo ukimtamkia anaweza kukukodolea macho. Neno lenyewe ni deodand.

Nililikuta kwenye kitabu kikuukuu cha sheria nilichonunua kwa wauza vitabu vya mitumba. Tangu hapo limenikaa kichwani kama wimbo wa tangazo la redio. Ngoja niwasimulie, halafu mniambie kama mimi ndiye nimechanganyikiwa au kuna jambo hapa.

Deodand limetoka kwenye Kilatini, Deo dandum, yaani "cha kupewa Mungu". Ukisikia hivyo unawaza sadaka, au fungu la kumi. Sivyo. Katika sheria ya Uingereza ya tangu enzi za kati, deodand kilikuwa kitu chochote kilichosababisha kifo cha mtu kwa bahati mbaya. Farasi aliyempiga mtu teke akafa, huyo ni deodand. Mkokoteni uliomkanyaga mtu, deodand. Gurudumu la kinu, mti ulioangukia mkata kuni, ng'ombe dume mkali, pipa lililobingirika, vyote hivyo viliweza kuitwa deodand. Mtu akishakufa, ofisa wa mfalme wa kuchunguza vifo vya ghafla aliita jopo la raia. Jopo linatazama maiti, linasikiliza mashahidi, kisha linajibu maswali mawili: ni kitu gani kimemuua marehemu, na kitu hicho kina thamani gani? Baada ya hapo kitu kile, au thamani yake kwa fedha, kilichukuliwa kutoka kwa mwenyewe na kwenda kwa mfalme. Mfalme naye alitarajiwa kukitumia kwa mambo ya dini na kuwasaidia maskini, kwa niaba ya Mungu.

Usicheke. Wazo lenyewe ni la zamani kuliko Uingereza. Wasomaji wa Biblia wanaijua ile sheria ya kitabu cha Kutoka, sura ya 21, ya ng'ombe aliyempiga mtu pembe akafa. Ng'ombe anapigwa mawe na nyama yake hailiwi. Na kama mwenye ng'ombe alikuwa ameshaonywa kwamba mnyama wake ana tabia hiyo, basi na yeye hana pa kujificha. Shikilia hapo kwenye kuonywa, tutaparudia.

Wanasheria wa Kiingereza, kama ilivyo kawaida yao, walilichambua neno hili mpaka likatoa jasho. William Blackstone, msomi wa sheria wa karne ya 18, anaeleza kwamba mtu akipanda gurudumu la mkokoteni uliosimama, akaanguka akafa, deodand ni gurudumu peke yake. Lakini mkokoteni ukiwa unatembea, basi vyote vilivyokuwa katika mwendo vimechangia kifo, na vyote vinachukuliwa: mkokoteni, mzigo na farasi. Kifo kikitokea baharini kwenye maji ya chumvi, hakuna deodand. Kikitokea mtoni kwenye maji baridi, ipo. Hata mashtaka ya mauaji yaliandikwa kwa mtindo huo: panga la thamani ya shilingi kadhaa, kisu cha thamani ya peni kadhaa. Kwa nini mtu ashtakiwe pamoja na bei ya kisu? Kwa sababu kisu nacho kilikuwa na hesabu yake kwa mfalme.

Kadiri miaka ilivyokwenda, majopo yalianza kuona haya. Raia wale wale walikuwa wakulima na wenye mikokoteni, walijua uchungu wa kumnyang'anya jirani farasi wake kwa bahati mbaya. Wakawa wanatamka thamani ndogo ndogo, shilingi hapa, peni pale, ili sheria iridhike na jirani asifilisike. Neno likabaki vitabuni, meno yakawa yameng'oka.

Kisha ikaja reli.

Alfajiri ya tarehe 24 Desemba mwaka 1841, siku moja kabla ya Krismasi, treni ya mizigo iliyotoka London kwenda Bristol ilifika mahali paitwapo Sonning, karibu na mji wa Reading, ikakuta udongo umeporomoka juu ya reli. Treni hiyo ilikuwa na mabehewa ya abiria wa daraja la tatu, na yalikuwa yamepangwa katikati, mbele yakiwa na injini na nyuma yakiwa na mabehewa mazito ya mizigo. Injini ilipokwama, mzigo wa nyuma ukawasukuma wale maskini. Wanane walifariki papo hapo na wa tisa baadaye. Wengi walikuwa mafundi wa mawe waliokuwa wakijenga Bunge jipya la Uingereza, wanarudi makwao kwa sikukuu.

Jopo likakaa. Likasema ni ajali. Halafu likafukua lile neno la kale na kulipa meno mapya: deodand ya paundi 1,000 juu ya injini na mabehewa yake. Paundi 1,000 za wakati ule hazikuwa fedha za soda. Raia wale walikuwa wanalitumia neno la enzi za mikokoteni kuiambia kampuni ya reli kitu kimoja: mmewekaje watu katikati ya injini na mizigo?

Lakini hapa ndipo penye kichefuchefu. Fedha za deodand, kwa sheria, hazikuwa za wajane. Zilikuwa za Taji, au za mkubwa ambaye Taji limempa haki hiyo. Na wajane hawakuwa na mlango mwingine. Mwaka 1808 kulikuwa na kesi ya bwana mmoja aitwaye Baker, ambaye gari la farasi la abiria lilipinduka akiwa na mkewe. Yeye aliumia, mkewe alifariki kama mwezi mmoja baadaye. Jaji Mkuu, Lord Ellenborough, alisema Baker alipwe kwa michubuko yake na kwa kukosa msaada wa mkewe kwa muda ule mama alipokuwa bado hai. Baada ya kifo, basi. Mahakamani, alisema, kifo cha binadamu hakiwezi kudaiwa kama hasara. Yaani ukimvunja mtu mguu unalipa, ukimuua umepona. Msomaji, rudia kusoma sentensi hiyo taratibu.

Mwaka 1846 Bunge la Uingereza likapitisha sheria mbili pamoja, na aliyezisukuma alikuwa Lord Campbell. Ya kwanza ililizika neno deodand rasmi. Ya pili iliwapa mke, mume, wazazi na watoto wa marehemu haki ya kumdai fidia aliyesababisha kifo kwa uzembe wake. Kwa maneno mengine, kilichokuwa cha Mungu na mfalme kikahamishiwa kwa yatima. Kwangu mimi hayo ni mazishi ya heshima kwa neno lolote.

Tangu hapo deodand limebaki kama kanzu ya babu sandukuni. Mwandishi wa hadithi za kubuni wa Marekani, Jack Vance, alilichukua akalifanya jina la majitu yanayokula watu katika kitabu chake cha mwaka 1950. Mahakama Kuu ya Marekani nayo ililitoa sandukuni mwaka 1974, kwenye kesi ya boti ya kifahari iliyokamatwa na bangi wakati kampuni yenye boti haikujua lolote. Boti ikataifishwa, na majaji wakakumbusha kwamba kukiadhibu chombo badala ya mtu si jambo geni, lina babu yake aitwaye deodand.

Sasa utaniuliza, wewe mwandishi wa habari wa Kiswahili, deodand inakuhusu nini? Subiri.

Sheria za Uingereza zililetwa Tanganyika kama zilivyokuwa tarehe 22 Julai 1920. Wakati huo deodand ilikuwa kaburini miaka 74. Kwa hiyo neno halikupanda meli, lakini mtoto wake alipanda. Tanzania tunayo sheria ya fidia kwa vifo vya ajali, Sura ya 310, na Kenya wanayo yao, Sura ya 32. Zote ni uzao wa ile ya mwaka 1846. Tena gari haliruhusiwi kutembea barabarani bila angalau bima ndogo, ambayo kazi yake ni kuwalipa watu wengine wanaoumizwa au kuuawa na gari hilo. Kwenye karatasi, yatima wa Chalinze amefikiwa na Lord Campbell.

Kwenye karatasi.

Sasa fungua magazeti yetu asubuhi ya ajali. "Basi laua 12." "Lori laua watatu wa familia moja." "Ajali yaua." Kiswahili chetu cha vichwa vya habari kimerudi enzi za kati bila kujua. Basi ndilo muuaji. Lori ndilo lenye kosa. Tunataja aina ya gari, namba zake, limetoka wapi na linakwenda wapi. Dereva tunasema "ametoroka". Mwenye gari? Hayumo. Angalau lile jopo la kale, baada ya kusema mkokoteni umeua, liligeuka na kuuliza mkokoteni ni wa nani na una thamani gani. Sisi tunaishia kwenye mkokoteni.

Miaka kadhaa iliyopita nilitumwa kumhoji mama mmoja ambaye mwanawe alikuwa utingo wa lori. Lori lilipoteza breki kwenye mteremko, kijana akafariki, dereva akabaki na kovu. Nilimkuta mama nyuma ya nyumba anachambua mchicha wa kuuza. Nikamwamkia, akaitikia, akanisogezea kigoda.

"Mama, mwenye gari walikuja?"

"Walikuja, mwanangu. Walileta mchele gunia moja na rambirambi kwenye bahasha. Wakasema ni kazi ya Mungu, na kazi ya Mungu haina makosa."

"Unamjua jina?"

"Nalijua lile lililoandikwa kwenye bampa."

Kwenye bampa kulikuwa na methali. Ndilo jina pekee la tajiri alilolijua. Halafu akaniambia kwamba wiki iliyopita alikuwa sokoni akaliona lori lenyewe, limenyooshwa bodi na kupakwa rangi mpya. Akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anayetaja bei ya mchicha: "Gari limefufuka, mwanangu. Wangu hajafufuka."

Utingo mwenzake marehemu alikuwa ameshamwambia mama kwamba breki za gari lile zililalamikiwa zaidi ya mara moja. Mnakumbuka ng'ombe wa kitabu cha Kutoka? Mwenyewe alikuwa ameonywa. Hakuna aliyemwambia mama kwamba hiyo ina maana mbele ya sheria, kwamba msimamizi wa mirathi wa mwanawe anaweza kudai, kwamba lile lori lilipaswa kuwa na kampuni ya bima yenye ofisi na anwani. Nilimweleza nilichokuwa nakijua na kumwelekeza kwa watu wa msaada wa kisheria. Habari yangu ilitoka siku iliyofuata ikiwa na aya tano. Ya mwenye gari haikupata nafasi.

Hapo ndipo neno hili la kizamani linaponichoma. Waingereza wa kale walimpa Mungu gari. Sisi tunampa Mungu kesi nzima. Ajali haina kinga, tunasema. Siku zake zimefika. Ni maneno ya kufariji, na msibani yana mahali pake, sitaki mtu anielewe vibaya. Lakini maneno hayo hayo yakitoka mdomoni mwa tajiri mwenye breki mbovu, si faraja tena. Ni risiti ya kufunga deni.

Na wala hatuhitaji kuazima neno kwa Mwingereza. Watu wa mwambao wanalo neno dia, yaani malipo ya damu ya mtu aliyeuawa. Litazame vizuri. Dia haiendi kwa mfalme wala haiendi kwa Mungu, inakwenda kwa jamaa wa marehemu. Kiswahili kilikuwa kinajua tangu zamani jambo ambalo Bunge la Uingereza lililifikia mwaka 1846. Tatizo letu halijawahi kuwa msamiati.

Kwa hiyo nawaomba wenzangu wa kalamu jambo dogo. Ajali ikitokea, tukishahesabu marehemu, tuulize maswali mawili zaidi kabla ya kufunga daftari: gari ni la nani, na bima yake ilikatwa wapi? Hayo mawili yanaweza kuandikwa kwa mstari mmoja. Mstari huo mjane anaweza kuukata kwa mkasi, akaukunja kwenye kanga, akaenda nao kwa wakili. Hana cha kufanya na kichwa cha habari kinachosema basi limeua.

Nawe msomaji uliyewahi kufiwa kwa ajali, je, familia yenu ililipwa, au nanyi mliletewa gunia la mchele? Niambieni, nataka kujua. Na kama kuna mwanasheria anapita hapa, atusaidie kuwaeleza watu hatua za kufuata, kwa Kiswahili cha kawaida tafadhali.

Tuendelee kutafakari. Mkisafiri wiki hii, fungeni mikanda.