Tabibu na Ng'ombe wa Bahari

Tunapowataja Walutheri wa karne ya 18, sisi tuliopitia chuo cha theolojia hukimbilia Bach na muziki wake, au wamisionari waliotoka Halle kwenda India. Georg Wilhelm Steller hatumtaji. Alizaliwa mwaka 1709 huko Windsheim, Ujerumani, baba yake akiwa kiongozi wa nyimbo kanisani, naye akaenda Wittenberg, mji uleule wa Luther, kusomea theolojia. Madhabahuni hakufika. Huko Halle aligeukia tiba na elimu ya mimea, kisha akaenda Urusi, akawa tabibu wa Askofu Mkuu wa Novgorod. Wapo watakaosema aliukimbia wito. Sisi hatuoni hivyo.

Mwaka 1741 alipanda meli ya Vitus Bering, Mdenmark aliyelitumikia jeshi la majini la Urusi, wakatoka Kamchatka kuitafuta pwani ya Marekani. Waliiona Julai. Steller alipewa saa kama kumi tu kushuka kisiwani kutazama, akachuma mimea mbio mbio, akamwona ndege wa rangi ya buluu aliyefanana na picha moja ya kitabuni, akajua kwamba kweli wamefika Marekani.

Wakati wa kurudi kiseyeye kikaingia melini. Walipotia nanga penye visiwa ili kuchota maji, Steller aliwaambia maofisa kwamba maji ya kidimbwi kile yana chumvi, na kwamba nchi kavu kuna majani yanayotibu ugonjwa huu. Aliomba watu wachache wamsaidie kuyachuma. Wakamdharau. Basi akachuma mwenyewe kadiri ya mikono yake, na baada ya siku chache Bering, aliyekuwa hawezi kuinuka kitandani, alionekana tena sitahani. Majani hayakutosha watu wote. Tukumbuke kwamba waliomdharau nao walikuwa wagonjwa wake, na mwezi Novemba, meli ilipokwama kwenye kisiwa kisicho na watu, ni yeye aliyewapikia, akawalisha na kuwauguza. Bering alifia hapo Desemba, na kisiwa kinaitwa kwa jina lake mpaka leo. Kati ya watu zaidi ya 70 waliopanda meli ile, 46 walirudi.

Waliokoka kwa nyama ya mnyama. Kando ya kisiwa, kwenye maji ya kina kifupi, kulikuwa na makundi ya wanyama wakubwa wapole waliokula mwani mchana kutwa, kama ng'ombe malishoni, migongo yao ikiwa juu ya maji na ndege wakitua juu yake. Kiangazi cha 1742 mabaharia walifaulu kumvuta mmoja kwa ndoano kubwa na kamba. Nyama yake ilifanana na ya ng'ombe, na mafuta yake yalikuwa matamu. Watu wakapata nguvu, wakaunda chombo kidogo kwa mbao za meli iliyovunjika, na mwezi Agosti wakafika Kamchatka. Hatuna neno la kuwalaumu. Mwenye njaa akila alichopewa, tunaamini amekula mkononi mwa Mungu.

Steller alikula kama wengine, lakini hakuishia kula. Alimpima jike mmoja kutoka puani hadi mkiani, akapata karibu mita saba na nusu, akalichunguza tumbo lililojaa mwani, huku mbweha wa kisiwani wakimwibia karatasi na vifaa vyake. Aliandika pia jambo ambalo halikumsaidia mtu yeyote kupata chakula. Jike alipochomwa ndoano, wenzake walijaribu kuikata kamba na kupindua mashua. Dume wake alimfuata mpaka ufukweni, na kesho yake, na siku ya tatu, alikuwa bado yupo pale, karibu na nyama iliyokuwa ikikatwa.

Mtu aliyefunzwa kusoma Maandiko neno kwa neno ndiye aliyeweza kusimama na kuliona hilo, maana hata kiumbe huyu alimsoma bila kuruka mstari.

Kitabu chake kuhusu wanyama wa bahari ile kilitolewa 1751. Mwenyewe alikuwa amekufa kwa homa huko Tyumen mwaka 1746, akiwa na miaka 37, baada ya kushitakiwa kwa kuwafungulia wenyeji wa Kamchatka waliokuwa kifungoni. Wenzake walikuwa wamerudi na mamia ya ngozi za fisi maji wa baharini, na ngozi hizo ziliuzwa kwa bei kubwa. Wawindaji wakamiminika visiwani, na chakula chao kilikuwa ng'ombe wa bahari. Hawa hawakuwa na njaa ya wale 46. Walikuwa na biashara. Mwaka 1768 aliuawa wa mwisho anayejulikana. Miaka 27 tu. Hakuna mtaalamu mwingine wa viumbe aliyewahi kumwona mnyama huyo akiwa hai.

Wasomaji wa pwani wameshamtambua jamaa yake, nguva. Wachache waliobaki Tanzania huonekana zaidi maeneo ya Rufiji, Kilwa na Mafia, wakila nyasi za baharini. Nguva hupumua hewa kama sisi, kwa hiyo akinaswa katika jarife lililotegwa kwa ajili ya papa, hufa maji. Jike huzaa mtoto mmoja, na hupita miaka kadhaa kabla ya mwingine. Mwenye jarife naye ana ada ya shule ya kulipa, na huenda Jumapili ameketi kiti cha tatu kutoka mbele. Yeye hakumtegea nguva, na akimkuta wavuni ameshakufa, nyama ni nyama. Si rahisi kumhubiria mtu huyo, nasi wachungaji tunaokula samaki wake hatuna mimbari ya juu kiasi hicho.

Lakini kwenye Sikukuu ya Mavuno tunashukuru kwa mahindi, kwa mbuzi, kwa mvua, na huko pwani kwa samaki waliojaa kapu. Nguva hajawahi kutajwa katika sala hiyo, wala hakuna kwaya iliyomwimba, ingawa yule mvuvi anajua vizuri kuliko sisi sote ni lini alimwona mara ya mwisho, na alikuwa na mtoto au peke yake.