Kwa Baiskeli hadi Trà Quế

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi, ndani ya soko la Hội An, mtalii ni mtu wa kuziba njia tu. Kina mama waliochutama nyuma ya mabeseni ya kamba na ngisi hawana muda wa kukuita rafiki. Wanapima, wanazozana bei, wanapokezana noti zilizolowa, na pikipiki zinapenya katikati yao bila mwenye nayo kushuka. Nilikanyaga dimbwi la maji ya samaki, kiatu kikalowa hadi soksi, nikajua sasa nimefika Vietnam.

Tulikuwa wanafunzi watano wa darasa la upishi. Mwalimu wetu alitusubiri langoni na kofia yake ya majani yenye ncha, nón lá, akatuambia tumwite Chị. Nikadhani ndilo jina lake. Kumbe ni dada mkubwa. Kivietinamu hakina "wewe" moja la kumtosha kila mtu; watu huitana kwa udugu, dada, kaka, shangazi, babu, na ukikosea rika umekosa adabu. Ndiyo maana aliniuliza umri kabla ya jina. Wenzangu kutoka Ulaya walitazamana. Mimi nilimwelewa moja kwa moja, maana hata kwetu kabla hujafungua mdomo lazima ukadirie kama utatoa shikamoo au utaipokea. Nikawa em, mdogo wake, na em nilibaki mpaka mchana.

Vitu vingi mezani nilivifahamu: mchaichai, tangawizi, binzari mbichi, papai bichi, ndimu, nazi. Mafungu ya rau muống, mboga ya majini yenye shina lililo tupu ndani, ni ndugu wa matembele, na kwa mbali hata sura wamefanana. Ua la mgomba lilinishinda. Sisi tunaliacha linyauke huko huko shambani. Wao wanalikata nyembamba kama kachumbari na kulila. Mama mmoja alikuwa na korosho za kukaanga kwenye ndoo. Vietnam hununua korosho ghafi nyingi kutoka Afrika, zikiwemo za Tanzania, inazibangua na kuziuza dunia nzima. Nilizitazama zile kwa jicho la mtu aliyekutana na jirani yake ughaibuni, halafu nikalipa bei ambayo mkulima wa Mtwara hajawahi kuiota.

Kwenye nước mắm, wenzangu walirudi nyuma hatua mbili. Ni samaki wadogo wa jamii ya dagaa na chumvi, basi, vilivyofungiwa kwenye pipa kwa miezi mingi mpaka vitoe maji ya rangi ya chai ya rangi. Aliyekulia karibu na ng'onda hashtuki. Shida yangu ilikuwa nyingine. Sili nguruwe, na katika nchi hii nguruwe hujitokeza hata kwenye sahani usiyomdhania. Usiku uliotangulia nilikariri maneno matatu, không thịt heo, sitaki nguruwe. Chị alicheka matamshi yangu mpaka akashika kiuno, akamrudishia mchinjaji kipande kimoja cha mnofu, akaongeza kamba robo kilo. Hakukuwa na maelezo wala kuombana radhi.

Jambo moja lilinishangaza. Tulizunguka kote, kapu likajaa, lakini Chị hakununua hata tawi moja la majani. Alichukua mrehani kwa muuzaji mmoja, akausugua kwa vidole, akaninusisha. "Huu ni wa kawaida," alisema. "Subiri."

Mji mkongwe wenyewe nitaupita haraka, kwa kuwa umeshasifiwa vya kutosha. UNESCO iliuweka kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 1999, na daraja lake la Wajapani limechapwa kwenye noti ya dong 20,000. Usiku taa za karatasi zinapowaka juu ya mto Thu Bồn ni kama mtu amemwaga sukari mji mzima, na mimi sukari nyingi hunichosha. Kilichonigusa ni upepo. Zamani majahazi ya Wachina na Wajapani yalishuka hapa kwa upepo wa kaskazi, wenyewe wakangoja kusi iwarudishe makwao, na katika kungoja huko wakajenga nyumba na mahekalu. Mtu wa Lamu au Bagamoyo hahitaji kuelezwa zaidi. Kwa anayetaka kwenda: uwanja wa ndege ni wa Đà Nẵng, kama kilomita 30 kaskazini, na tangu Agosti 2023 viza ya mtandaoni hutolewa kwa raia wa nchi zote, hadi siku 90. Usiende Oktoba au Novemba isipokuwa unapenda kutembelea mji kwa mtumbwi, kwani mafuriko huingia mpaka sebuleni.

Baiskeli zetu zilikuwa na kikapu mbele, na breki yangu ililia kama paka aliyekanyagwa mkia. Safari ya kwenda kijiji cha Trà Quế ni fupi, haifiki nusu saa kwa mwendo wa uvivu, ila kilomita ya kwanza ni mtihani. Barabara ya Hai Bà Trưng asubuhi ni mto wa pikipiki. Chị alitupa sheria moja: usisimame ghafla, usiyumbe, nenda mwendo ule ule, watakupita pembeni. Nilimwamini kwa sababu sikuwa na la kufanya, na kweli walinipita, mmoja amebeba kioo cha kabati, mwingine mitungi miwili ya gesi na mtoto.

Kisha nyumba zikaisha.

Ilikuwa mwishoni mwa Aprili na mpunga umeiva. Kulia na kushoto kulikuwa na manjano matupu mpaka kwenye minazi, nyati wa majini wamezama tope hadi shingoni, yangeyange mgongoni mwao. Waliokwisha kuvuna walianika mpunga kandokando ya lami, na baiskeli huzunguka, kwa kuwa chakula cha mtu hakikanyagwi. Hapo ndipo mnyororo wangu ulipochomoka. Mzee mmoja aliyekuwa akigeuza mpunga kwa reki aliweka reki chini, akaja, akaurudisha mnyororo kwa kijiti na kidole, akajifuta grisi kwenye nyasi. Nilipoingiza mkono mfukoni alinipungia kama anayefukuza nzi, akarudi kwenye mpunga wake.

Trà Quế unaitambua kwa pua. Kijiji kimekaa kati ya mto na ziwa dogo la maji yaliyotuama, na ardhi yake ni mchanga ambao mtu mwingine angejengea nyumba tu. Wanakijiji huopoa majani ya majini, rong, kutoka mtoni na ziwani, wakayafukia kwenye matuta yawe mbolea. Matuta yenyewe ni membamba, yamenyooka kama yamepigwa rula, na kila tuta lina harufu yake. Trà ni chai na quế ni mdalasini. Wenyeji husimulia kwamba jina hilo lilitolewa na mfalme wa ukoo wa Nguyễn aliyepita na kuonja majani yao. Iwe kweli au hadithi, mtu wa pwani akisikia "chai ya mdalasini" anahisi karibu nyumbani. Mwaka 2024 shirika la Umoja wa Mataifa la utalii lilikiingiza kijiji hiki katika orodha yake ya vijiji bora vya utalii duniani.

Sifa za namna hiyo zina gharama zake. Tulivishwa mashati ya kahawia ya mkulima, tukapewa mzega na ndoo mbili za kunyunyizia, tukapigwa picha. Niliona aibu, mtu mzima naigiza ukulima mbele ya wakulima. Zaidi ni kwamba kazi yenyewe ilinishinda: ndoo mbili hutaka kuinamishwa pamoja, mabega sawa, hatua kwa hatua, na zangu zilimwaga maji yote upande wa kushoto huku kulia kukibaki kukavu. Kwenye tuta la pili bibi mmoja aliyepinda mgongo alifanya kazi hiyo hiyo bila kututazama, maji yakishuka kama mvua ya manyunyu, pande zote sawasawa. Alipomaliza alifunga mafungu ya kitunguu majani, kijana akayapakia kwenye pikipiki, akaondoka nayo kuelekea tulikotoka.

Sasa Chị alichuma. Mrehani, nanaa, giligilani, tía tô ambalo juu ni kijani na chini zambarau, rau răm linalowasha ulimi taratibu. Majani ya mrehani yalikuwa madogo kuliko ya sokoni. Alisugua moja akaninyooshea kidole. Harufu ilipanda mpaka machoni. Kwangu majani haya daima yalikuwa mapambo, kijitawi juu ya pilau, mkono wa kotmiri mwisho wa mchuzi. Hapa yalirundikwa kwenye ungo kama mchicha wa familia, na nikaelewa kwamba majani ndiyo chakula. Kamba na nyama ni kiungo chao. Tulianza na tam hữu, marafiki watatu: kamba, nguruwe na nanaa waliofungwa pamoja kwa jani la kitunguu. Wangu walikuwa marafiki wawili, na walielewana vizuri tu.

Lakini kilichonipeleka kule ni bánh xèo. Mchele ulikuwa umelowekwa tangu usiku, na tukausaga kwa jiwe la kuzungusha kwa mkono, kijiko cha mchele na maji tunduni, uji mweupe ukichuruzika mdomoni mwa jiwe. Ukatiwa binzari, chumvi na tui kidogo. Kusini mwa nchi hutia tui zaidi na mikate yao ni mikubwa kama sinia. Huku kati ni midogo, ya kuenea kiganjani. Nilipouona ule uji nilisema moyoni, hivi si vibibi? Mchele ule ule wa kulowekwa, tui lile lile. Tofauti ni kwamba kibibi hupikwa kwa upole, kikifunikwa, kitoke laini chenye matundu. Huu hutaka moto wa hasira na mafuta yanayofuka. Neno xèo ni mlio wenyewe, ule wa uji ukigusa kikaango, na Chị alituambia tusitazame, tusikilize. Mkate wangu wa kwanza ulisema kitu kama "fyuu". Akatikisa kichwa. Moto. Wa pili uliungua ukingoni. Wa tatu niliminya macho, nikamwaga, nikazungusha kikaango kwa kifundo cha mkono, na ukaita kwa sauti ya mvua ya ghafla juu ya bati. Chị, aliyekuwa upande wa pili akimhudumia mtu mwingine, alisema bila kugeuka: "Huo."

Unaukunja juu ya kamba na machipukizi ya choroko, unauvingirisha na majani yote yale na vipande vya ndizi mbichi ndani ya karatasi ya mchele, unachovya. Kuhusu kichovyo tulibishana sana. Nước mắm, sukari, ndimu, maji, kitunguu thomu, pilipili. Kila mtu alichanganya bakuli lake, na Chị alipita na kijiko akihukumu kwa neno moja moja. Langu lilikuwa chachu. Bila shaka, mkono wa pwani hauoni ndimu ukaiacha.

Nilirudi peke yangu saa nane, jua limekaza, fungu la mrehani wa Trà Quế kikapuni likinyauka kila nilipokanyaga pedeli. Kwenye hoteli binti wa mapokezi alikuwa ameinamia daftari lake. Nilipofika mezani pua yake ilisimama kwanza, macho yakafuata baadaye.

"Trà Quế," alisema, akaninyooshea mkono apewe tawi.