Dishi linataka anga

Makuti husamehe, bati halisamehe. Paa la makuti likivuja palipochomekwa mti wa antena, unapachika kuti jipya, yameisha. Bati ukishalitoboa, umelitoboa.

Huku Msimbati, karibu na mdomo wa Ruvuma, korosho ikilipa watu huezeka bati. Kisha linakuja dishi, kisha paneli ya sola, na kila kimoja kinadai matundu yake. Na chini ya bati hilohilo ndimo yanamosubiri mnada magunia ya korosho. Korosho ikilowa inashuka daraja, na bei inashuka nayo.

Kijana aliyemfungia mama dishi alipiga misumari kwenye mabonde ya bati, maana ndiko rahisi kugongea. Lakini bonde ndio mfereji wa paa, maji yote hupita humo. Mvua za Desemba zilipoanza, magunia mawili yakaota ukungu. Mama hakugomba. Alisema tu, "Hiyo ilikuwa ada ya mdogo wako."

Tukamwita fundi mzee kutoka Mikindani. Hakupanda juu kwanza. Aliingia ndani, akatazama dari, akafuata michirizi ya maji kwenye papi. Tone lilikuwa linaangukia kwenye magunia, tundu lenyewe lilikuwa hatua tatu juu zaidi.

"Maji hayadondoki pale yalipoingilia, mwanangu," akaniambia.

Bati lile alilibadilisha. Paneli akaifunga upya: skrubu kwenye mgongo wa bati, chini yake papi, juu raba. Akakaza kiasi, kwani ukizidisha raba inapasuka. Mimi nikauliza, kwa nini tusizibe tu na silikoni? Akanijibu kwamba bati hutanuka mchana na kusinyaa usiku, silikoni peke yake haikawii kuachia. Na hapa kuna chumvi ya bahari: msumari wa kawaida unaliwa na kutu, tundu linabaki.

Upepo nao haujasahaulika. Aprili 2019 tulikesha tukisubiri Kimbunga Kenneth, kikaenda kupiga Cabo Delgado, ng'ambo ya mto. Kitu kilichoshikwa na bati tupu, upepo wa namna ile hukiondoa pamoja na bati lake.

"Na dishi, baba?" mama akauliza.

Fundi alikuwa ameshachimba shimo pembeni ya nyumba, anasimamisha bomba la chuma.

"Dishi linataka anga, mama. Paa halilihitaji."