Hatua za Mama

Nianze kwa kukiri kosa langu, maana nikichelewa nitapata nafasi ya kulipamba. Kwa miezi mitatu nilikuwa nikimjulia hali mama yangu kwa kutazama namba kwenye simu, na nikajiona mwana mwema.

Mama anaishi kwetu Bagamoyo, mtaa wa Magomeni, pamoja na mpwa wangu wa miaka 12. Mimi niko Dar es Salaam, natafuta riziki. Mama ana kisukari. Daktari alimwambia atembee kila siku, asikae kibarazani kutwa akichambua mchele. Basi mimi, kijana wa mjini, nikaingia Kariakoo nikanunua ile saa ya mkononi inayohesabu hatua. Saa inaongea na simu ya mama, na simu ya mama inaniletea hesabu Dar. Kila jioni, baada ya magharibi, naona: hatua 11,000. Kesho yake 13,000. Siku moja 16,000! Nikawaonyesha wenzangu kazini. "Mwoneni bi mkubwa," nikawaambia, "anawashinda nyote na vitambi vyenu."

Zamani nilikuwa nakwenda Bagamoyo kila baada ya wiki mbili. Si mbali, ni kilomita kama 70 tu: Tegeta, Bunju, Mapinga, Kerege, Zinga, umefika. Lakini nikaanza kuruka safari. Niende kufanya nini, na habari ninazo mfukoni?

Jumanne moja hesabu haikuja. Jumatano vilevile. Nikapiga simu.

"Saa yako imeganda," mama akasema. "Haiendi mbele wala nyuma."

Nikamwelekeza aiweke kwenye chaji, abonyeze kitufe cha ubavuni na kuhesabu hadi kumi.

"Nimebonyeza, mwanangu, mpaka kidole kinaniuma. Imekataa."

Jumamosi nikapanda basi Makumbusho. Nilipobisha hodi mama aliitikia, lakini hakuinuka kunipokea. Alikuwa amekaa mkekani, khanga imefunika miguu. Nikadhani ni joto tu. Nikamwamkia, akaitikia marahaba, na swali langu la kwanza likawa: "Saa iko wapi?" Mpaka leo swali hilo linaniwasha.

Sasa, saa za namna hii zikiganda kuna njia mbili. Ya kwanza ni kuizima na kuiwasha upya. Hiyo haifuti kitu. Ni kama mtu aliyesinzia ukamgusa bega. Ya pili ni kuifuta kabisa, irudi kama ilivyotoka kiwandani. Hapo jina, umri na hatua vyote vinakwenda, na unaanza moja. Mtu hujaribu ya kwanza kabla ya pili. Na kabla ya zote mbili hutazama kama umeme unaingia.

Nikaigeuza. Vile vyuma vidogo vya kuchajia vilikuwa vimeota ukungu mweupe. Nikachukua mswaki wa zamani na maji baridi, nikaanza kusugua. Ukungu ule ulikuwa chumvi. Chini ya mkanda nikakuta mchanga, na gamba moja la samaki limenata. Halafu nikaona jambo jingine: tundu la mkanda lililochakaa lilikuwa la mwisho kabisa, la mkono mwembamba. Mama yangu ni mama wa Kipwani, mkono wake umejaa.

"Mama, unakwenda kuoga pwani siku hizi?"

"Mie? Na umri huu?"

Mpwa wangu akainuka polepole kuelekea mlangoni. "Mjomba, nakuja sasa hivi."

"Kaa hapo," nikamwambia.

"Mwache mtoto," mama akasema. "Nilimvalisha mimi."

Akanieleza. Mtoto alivaa ile saa shuleni, akaivaa kwenye mpira, na jioni akashuka nayo pwani penye soko la samaki, madau yakiingia, kuwasaidia wavuvi kubeba. Zile 16,000 zilikuwa za siku ya mechi.

"Mwanzoni nilitembea, wallahi," mama akasema. "Siku moja ikaonyesha hatua mia tano, ukanipigia simu unafoka: mama, unajiua! Siku niliyomvalisha mtoto ukapiga unacheka. Nikaona heri ucheke." Akanyamaza kidogo. "Leo nimebwaga moyo."

Kisha akafunua khanga. Chini ya mguu wa kulia, karibu na kidole gumba, palikuwa na kidonda. Alikanyaga kombe uani, wiki mbili zilizopita. Hakikumuuma, ndiyo maana hakushtuka. Hivyo ndivyo kisukari kinavyofanya: kinaua hisia za miguu, mtu anatembea na jeraha kama anatembea na kiatu.

Tulipanda bajaji mchana uleule kwenda hospitali. Muuguzi alikisafisha, akakifunga, akamwambia mama akague nyayo zake kila usiku na asitembee peku hata ndani ya nyumba. Halafu akanitazama mimi. "Mngechelewa," akasema, "tungekuwa tunazungumza habari ya kukata." Sikuwa na la kujibu.

Usiku ule sikulala vizuri. Nilikuwa nimemwekea mama lengo la hatua 10,000 kana kwamba limeandikwa mbinguni. Kumbe lilitoka Japani, mwaka 1965, mwaka mmoja baada ya Olimpiki ya Tokyo, kampuni moja ilipouza kifaa cha kuhesabu hatua ikakiita manpo-kei, yaani kipimo cha hatua elfu kumi. Jina la kuuzia bidhaa! Mwaka 2019 watafiti wa Marekani waliandika juu ya kina mama wazee waliowafuatilia: waliotembea hatua kama 4,400 kwa siku walikufa wachache kuliko waliotembea kama 2,700, na kupita 7,500 hapakuwa na nyongeza ya maana. Na saa yenyewe ina kitu gani? Ina chombo kidogo cha kuhisi mtikisiko wa mkono, na taa ya kijani ya kusoma mapigo ya damu. Mkono ni wa nani, haijui.

Mtu wa Bagamoyo nilipaswa kuyajua haya. Mji wetu ulikuwa mwisho wa njia ya misafara iliyotoka Ujiji, kando ya Ziwa Tanganyika, ikapita Tabora, zaidi ya kilomita 1,000 kwa miguu. Karne ya 19 wapagazi, wengi wao Wanyamwezi, walifika hapa na pembe za ndovu mabegani. Wenye mali walihesabu pembe. Nani alihesabu malengelenge ya nyayoni?

Asubuhi niliichaji saa, nikabonyeza kitufe, nikahesabu hadi kumi. Ikawaka. Hatua zote zilikuwemo, hazikupotea. Ingetosha kuiacha hivyo. Nikatafuta pale pa kufuta kila kitu.

"Mjomba!" mpwa wangu akalia. "Na zile elfu kumi na sita zangu?"

"Hata hizo." Nikafuta na kwenye simu, ikarudi sifuri. Baadaye mtoto nilimnunulia mpira. Hakuwa na kosa.

Saa ilipojipanga upya ikaonyesha 16:20. Mama akaisogeza machoni. "Saa kumi na sita! Huko wanakoitengeneza wana siku ndefu."

Nilikaa wiki nzima. Siku hizi nakwenda kila Jumamosi, na kabla ya chai nakagua nyayo za mama, naye ananitukana kidogo kwa aibu. Kidonda kilichukua muda, lakini kilifunga. Jumamosi iliyopita tulitembea pamoja, yeye na viatu vyake vya kufunika vidole, mkono wake begani kwangu, mpaka kwa jirani wa tatu, tukakaa, tukarudi.

"Imesema ngapi?" akauliza.

"Mia sita na arobaini."

"Usiwaambie watu," akasema.

Nami sijamwambia mtu, isipokuwa ninyi wasomaji.